Mzimu wa Cock Lane: Mtu wa Shaka na Ushahidi wa Wafu katika London ya Mwaka 1762

Utangulizi

Wasomaji wa riwaya ya Kiswahili wamemzoea kwa muda mrefu mpelelezi anayeitwa mahali panaposemwa kuwa pana mzimu, akazisikiliza hofu za wenyeji, kisha akarudi na jina la mwanadamu. Bwana Msa, aliyebuniwa na Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar, ndiye mashuhuri kuliko wote. Riwaya ya kwanza aliyotokea, Mzimu wa Watu wa Kale, ilipata tuzo ya kwanza katika mashindano ya uandishi ya East African Literature Bureau ya mwaka 1957/58, ikachapishwa mwaka 1960. Tangu hapo mhusika wa aina hii amekuwa mwenyeji katika fasihi yetu, na wahakiki wamekwisha kuonyesha undugu wake na Sherlock Holmes wa Arthur Conan Doyle. Lakini kabla ya wapelelezi wa vitabuni palikuwapo wapelelezi wa kweli. Walikuwa watu waliokesha katika vyumba vyenye baridi, mshumaa mkononi, wakingoja wafu waseme.

Makala haya yanachunguza kisa kimoja cha namna hiyo, kilichotokea London mwanzoni mwa mwaka 1762, katika kichochoro kiitwacho Cock Lane. Miongoni mwa waliokichunguza alikuwamo Samuel Johnson, mtungaji wa kamusi kubwa ya Kiingereza ya mwaka 1755. Swali letu ni hili: ni jambo gani hasa linalomfanya mtu astahili kuitwa mwenye shaka? Jibu la haraka ni kwamba mwenye shaka ni yule asiyeamini. Tutajaribu kuonyesha kwamba jibu hilo halitoshi. Johnson alitamani sana kuamini. Kilichomfanya kuwa mwenye shaka ni kwamba alikubali jaribio lililowekewa masharti yake mapema, akaridhika na matokeo yake, na akayaandika ingawa yalikuwa kinyume cha matamanio yake. Aidha, tutaonyesha kwamba katika kisa hiki palifanyika majaribio mawili yasiyofanana, na kwamba lile linalokumbukwa zaidi ndilo lililo dhaifu.

Neno kuhusu istilahi

Kabla ya kusimulia, hatuna budi kuyaangalia maneno yenyewe. Kiingereza hutumia neno moja kwa maiti anayerudi kuwasumbua walio hai, lakini Kiswahili hugawa. Mzimu ni roho ya mhenga na vilevile ni mahali roho hiyo inapoombwa: pango, mbuyu, au kaburi la kale. Mzimu una pahali pake, na hupelekewa sadaka. Pepo humpanda mtu na kusema kwa kinywa chake, hata apungwe. Koma, neno linalojulikana zaidi miongoni mwa Wamijikenda na majirani zao wa Pwani, ni roho ya mfu wa ukoo. Mzuka, kama jina lenyewe linavyoonyesha, ni kile kinachozuka ghafla.

Kilichodaiwa kuwapo Cock Lane kilikuwa na sehemu ya kila kimoja cha hivi. Kilisema kwa jina la mfu anayejulikana, kama koma. Kilimfuata mtoto mmoja kila alipolazwa, kama pepo. Lakini hakikudai ubani wala sadaka. Kilidai mtu anyongwe. Kwa kuwa wenyeji wa Pwani wameshauzoea msamiati huu kupitia riwaya, tutaliita jambo hilo mzimu, hali tukikumbuka kwamba neno limenyooshwa kidogo.

Ndoa isiyowezekana na deni lisilolipwa

Asili ya kisa haikuwa London. William Kent, mtu wa Norfolk aliyekuwa akikopesha fedha, alioa binti aliyeitwa Elizabeth Lynes. Mke huyo akafa kutokana na uzazi. Dada yake, Frances, aliyeitwa Fanny na jamaa zake, alikuwa amekuja kumuuguza, naye akabaki kumtunza mtoto, ambaye pia hakuishi sana. Mgane na shemeji yake wakapendana. Katika nchi nyingine wangalioana na habari ikaishia hapo. Kwa sheria ya Kiislamu, kwa mfano, mwanamume hawezi kuwakusanya dada wawili kwa wakati mmoja, lakini baada ya kufa mmoja ana ruhusa ya kumwoa mwingine. Sheria ya kanisa la Uingereza ilikuwa kinyume. Dada wa marehemu mke alihesabiwa kuwa kama dada wa mume, na bunge la Uingereza halikuiondoa marufuku hiyo hadi mwaka 1907.

Kent alihamia London mwaka 1759, na Fanny akamfuata. Wakaishi kama mume na mke, wakiificha hali yao. Siku moja wakiwa kanisani St Sepulchre walikutana na karani wa kanisa hilo, Richard Parsons, ambaye aliwapangisha vyumba nyumbani kwake Cock Lane, mwendo mfupi kutoka hapo. Parsons alijulikana mtaani kuwa mlevi, na maisha yalimwia magumu. Kent akamkopesha gini 12, kwa ahadi ya kulipwa gini moja kila mwezi. Hazikulipwa. Hivyo mwenye nyumba alikuwa anadaiwa na mpangaji wake, na aliijua siri ya mpangaji huyo kwamba aliyeitwa mkewe hakuwa mkewe. Kila mmoja alikuwa ameushika upande wa kamba.

Wakati mmoja Kent alisafiri, na Fanny, ambaye alikuwa mjamzito, akalala na Elizabeth, binti mdogo wa Parsons, ili asiwe peke yake. Usiku zikasikika sauti za kugonga na kukwaruza. Baadhi ya watu walimdhania fundi viatu wa jirani. Fanny aliona kwamba ni roho ya dada yake aliyetangulia, imekuja kumwonya juu ya kifo. Jambo hili linastahili kuangaliwa kwa makini: mzimu wa kwanza wa Cock Lane haukuwa wa Fanny bali wa dada yake, na aliyeupa jina alikuwa Fanny mwenyewe, mwanamke aliyekuwa akiishi katika hali iliyokatazwa na sheria. Sauti ni ile ile. Tafsiri yake ilitegemea hofu ya msikilizaji.

Wapangaji wakahamia mtaa wa Clerkenwell. Tarehe 2 Februari 1760 Fanny akafa kwa ndui. Daktari na mwuza dawa walikuwa wamemhudumia, nao walikijua kilichomwua. Akazikwa katika chumba cha makaburi kilicho chini ya kanisa la St John, Clerkenwell. Kent, akiogopa kushtakiwa ikijulikana kwamba hawakuwa mume na mke, aliagiza jeneza lisiandikwe jina. Katika wasia wake Fanny alimwachia Kent karibu mali yake yote, na jamaa zake wakachukizwa. Baadaye Kent alimdai Parsons mahakamani, akazipata fedha zake. Mwezi ule ule wa Januari 1762 ambao deni lilipatikana, sauti zikarudi Cock Lane, na safari hii zilikuwa na jina jipya.

Mapigo na magazeti

Kiongozi wa mambo sasa alikuwa John Moore, kasisi msaidizi wa St Sepulchre, mtu aliyeelekea upande wa Wamethodisti. Wengi katika kundi hilo waliamini kwamba habari za roho ni silaha dhidi ya wakanaji wa dini, kwa maana mtu atakayekubali kwamba wafu husema hataweza kukana Akhera. Moore hakuwa na faida ya fedha katika jambo hili. Alikuwa mtu mwaminifu aliyetaka jambo liwe kweli, na mtu wa namna hiyo hudanganyika upesi kuliko mjanja.

Yeye na Parsons walitunga utaratibu wa mahojiano. Pigo moja lilikuwa ndiyo. Mapigo mawili yalikuwa hapana. Mkwaruzo ulionyesha kuchukizwa. Mtoto Elizabeth, ambaye sasa alikuwa na umri wa kama miaka 12, alilazwa kitandani, na watu wakauzunguka. Kwa njia hiyo iliulizwa na kujibiwa habari nzito: kwamba mwenye kugonga ni Fanny, kwamba hakufa kwa ndui bali kwa sumu ya aseniki aliyotiliwa katika kinywaji saa mbili kabla ya kufa, kwamba aliyemtilia ni Kent, na kwamba angependa kumwona Kent akinyongwa.

Atakayeyapima mahojiano haya ataona kasoro yake mara moja. Roho isiyoweza kusema ila ndiyo na hapana haiwezi kuleta habari yoyote mpya. Kila neno lilitoka kinywani mwa mwulizaji. Sumu ilitajwa na waliouliza juu ya sumu. Kamba ilitajwa na waliouliza juu ya kamba. Mfu alikuwa akiweka muhuri tu juu ya hati waliyoiandika walio hai. Wanafunzi wa fasihi simulizi watalitambua jambo hili, kwani kila mkusanyaji wa masimulizi huonywa asimwulize mzee swali lililobeba jibu lake ndani.

Magazeti yakazichukua habari hizi, na Cock Lane ikajaa watu. Wenye vilabu vya pombe jirani walipata biashara njema. Mwishoni mwa Januari Horace Walpole, mwana wa waziri mkuu wa zamani, alikwenda pamoja na Duke wa York, ndugu yake mfalme. Alieleza katika barua kwamba walikuta chumba kidogo kimesongamana watu kama 50, hakuna mwanga ila wa mshumaa mmoja, na kwamba walikaa hadi baada ya saa saba usiku bila ya kusikia chochote. Kent mwenyewe alizisoma tuhuma gazetini kama msomaji mwingine yeyote. Akaenda kwa Moore, akahudhuria mahojiano, akausikia mzimu ukimtaja kuwa mwuaji, akapiga kelele kwamba roho hiyo ni mwongo.

Hapo ndipo uzito wa jambo unapoonekana. Adhabu ya kuua katika Uingereza ya wakati ule ilikuwa kitanzi. Mtu alikuwa anakaribia kupoteza maisha yake kwa sababu ya sauti zilizosikika katika kitanda cha mtoto. Kent alipata bahati kwamba Meya wa London, Samuel Fludyer, alikataa kumkamata kwa ushahidi huo, akataka kwanza jambo lichunguzwe.

Usiku wa tarehe 1 Februari

Uchunguzi uliandaliwa na Stephen Aldrich, kasisi wa St John, Clerkenwell, kanisa ambalo chini yake Fanny alizikwa. Aliwaalika, miongoni mwa wengine, Lord Dartmouth, daktari George Macaulay, mwanamke msimamizi wa hospitali ya wazazi, Kapteni Wilkinson, John Moore, na Samuel Johnson. Ilisemekana kwamba Kapteni Wilkinson aliwahi kuhudhuria mahojiano ya Cock Lane akiwa na bastola na fimbo: bastola ya kuupiga mzimu, na fimbo ya kujifungulia njia ya kukimbilia. Hata hivyo mzimu haukugonga siku hiyo.

Mipango ya usiku huo yafaa ielezwe kwa ukamilifu. Kwanza, mtoto alitolewa nyumbani kwa baba yake akaletwa nyumbani kwa Aldrich. Pili, alivuliwa nguo na kulazwa na wanawake waliokuwa wamekikagua kitanda, yapata saa nne usiku. Tatu, wanaume walikaa zaidi ya saa nzima bila ya kusikia neno, wakashuka chini. Wanawake walipowaita wakisema kwamba sauti zimeanza, walipanda, wakamtaka mtoto aitoe mikono yake nje ya shuka. Mtoto alisema kwamba aliihisi roho mgongoni mwake kama panya. Lakini tangu mikono ilipokuwa nje hakuna pigo wala mkwaruzo uliosikika, ijapokuwa roho iliombwa kwa heshima zote ijionyeshe.

Jaribio la nne ndilo lililokuwa kubwa. Katika mahojiano ya awali mzimu wenyewe, kwa mapigo yake, ulikuwa umeahidi kwamba utamfuata yeyote miongoni mwa waungwana hao hadi katika chumba cha makaburi, na kwamba utathibitisha kuwapo kwake kwa kugonga juu ya jeneza lake. Saa saba za usiku ahadi hiyo ilitangazwa mbele ya wote. Kundi likaenda kanisani. Baadhi yao wakashuka chini hadi penye jeneza. Roho ikaitwa, ikakumbushwa ahadi yake. Kukawa kimya. Wakarudi, wakamhoji mtoto, ambaye hakukiri kitu, na kabla ya mapambazuko akaruhusiwa kurudi na baba yake. Ripoti ya usiku huo, iliyochapishwa katika magazeti na katika Gentleman's Magazine, iliandikwa na Johnson. Hitimisho lake lilikuwa fupi: kwamba mtoto anayo namna fulani ya kutoa sauti hizo, na kwamba hakuna nguvu yoyote ipitayo maumbile iliyohusika.

Ubora wa jaribio hili unatokana na mambo matatu. Masharti yake yaliwekwa na upande unaodai, wala si na upande unaokana. Kwa hiyo hakuna aliyeweza kusema kwamba mzimu ulidhulumiwa. Yalijulikana kabla ya tukio. Kwa hiyo hayakuweza kugeuzwa baada yake. Na matokeo yake yangeweza kwenda upande wowote: laiti jeneza lingalipigwa, Johnson na wenzake wangalilazimika kuandika hivyo, na huenda Kent angalikuwa hatarini zaidi. Palikuwa na hatari kwa pande zote mbili, na hapo ndipo jaribio linapopata heshima yake.

Shaka ya mtu aliyetamani kuamini

Ni kosa kumdhania Johnson kuwa mkanaji wa mambo ya roho. Alikuwa Mkristo mcha Mungu aliyeogopa mauti maisha yake yote. Swali la kama wafu hurudi alilihesabu kuwa miongoni mwa maswali makubwa kuliko yote na ambalo bado halijakatwa. Katika hadithi yake Rasselas, iliyotoka mwaka 1759, yaani mwaka ule ule Fanny alipolala Cock Lane, mwenye hekima mmoja anatoa hoja kwamba imani iliyoenea kwa mataifa yote, ya wasomi na wasiosoma, isingaliweza kuenea hivyo kama haikuwa na asili katika mambo yaliyoonekana.

Hadithi hiyo imewekwa Uhabeshi na Misri, na Johnson hakuichagua Uhabeshi kwa kubahatisha. Kitabu chake cha kwanza, kilichotoka mwaka 1735, kilikuwa tafsiri ya safari za Jerónimo Lobo, mmisionari Mreno ambaye mwaka 1624 alishuka Pate, katika visiwa vya Lamu, akitafuta njia ya kuingia Uhabeshi kupitia upande wa mto Juba, akashindwa. Kwa hiyo mtu aliyeshuka katika makaburi ya Clerkenwell alikuwa amekwisha kutafakari imani za mataifa mengine, pamoja na ya ukanda wetu, naye hakuzihesabu kuwa upuuzi wa watu wasiostaarabika.

Kwa sababu hiyo watu walimcheka kutoka pande zote. Mshairi Charles Churchill alimfanyia dhihaka katika utenzi mrefu juu ya mzimu huu, akimchora kama mtu mwenye kujikweza aliyedanganywa na kugonga kwa mtoto. Dhihaka hiyo ilidumu, hata James Boswell alipoandika maisha ya Johnson alilazimika kueleza kwamba yeye alikuwa miongoni mwa walioufichua udanganyifu, si miongoni mwa walioamini. Wenye dhihaka waliona kwamba kwenda tu kusikiliza ni ujinga. Lakini Kent hakuokolewa na waliocheka wakiwa nyumbani. Aliokolewa na walioamka usiku wa Februari wakaenda.

Kipande cha ubao

Baada ya ripoti hiyo jambo lilipaswa kuisha. Halikuisha. Parsons alisisitiza kwamba binti yake hana hatia, na uvumi ukaenea kwamba mzimu haukugonga kwa kuwa maiti ilikuwa imeondolewa. Mtoto akahamishwa nyumba hadi nyumba, akilazwa na kuchunguzwa na watu wasiokuwa jamaa zake. Hatimaye, yapata tarehe 21 Februari, aliambiwa kwamba sauti zisiposikika usiku huo, yeye pamoja na baba na mama yake watatiwa katika jela ya Newgate. Watumishi waliokuwa wakimchungulia kwa siri walimwona akichukua kipande kidogo cha ubao na kukificha mwilini. Sauti zikasikika, ubao ukapatikana, ikatangazwa kwamba udanganyifu umenaswa. Siku chache baadaye, tarehe 25 Februari, Kent alikwenda makaburini pamoja na mashahidi, jeneza likafunguliwa, na maiti ya Fanny ikaonekana imo ndani. Ndivyo mume asiyekuwa mume alivyolazimika kumtazama mpenziwe baada ya miaka miwili kaburini ili kuikanusha sauti iliyosemwa kuwa yake.

Ubao ndio unaokumbukwa katika masimulizi ya kawaida. Sisi tunaona kwamba thamani yake kama ushahidi ni ndogo. Mtoto aliyeambiwa kwamba wazazi wake watafungwa asipotoa sauti ana sababu ya kutosha ya kutengeneza sauti, hata kama hakuwahi kuitengeneza maishani mwake. Jaribio la tarehe 1 lilimwuliza mfu, na mfu hakujibu. Jaribio la tarehe 21 lilimtisha aliye hai, naye akajibu kama alivyotakiwa. Hakuna jibu ambalo lingeweza kumwokoa: kimya kilikuwa hatia, na sauti ilikuwa hatia. Kwa maneno mengine, wachunguzi wa pili walifanya jambo lile lile alilolifanya Moore alipouhoji mzimu, yaani waliliweka jibu ndani ya swali.

Hukumu na umati

Mahakama haikuweza kuamua kama mizimu ipo. Tangu sheria ya mwaka 1735 kuanza kutumika mwaka uliofuata, Uingereza ilikuwa imeacha kuwahukumu watu kwa uchawi, na iliadhibu tu kujisingizia uwezo huo. Kwa hiyo Parsons, mkewe, kasisi Moore, mwanamke Mary Frazer aliyesaidia katika mahojiano, na mfanyabiashara mmoja walishtakiwa kwa kula njama ya kumwondolea Kent uhai kwa kumsingizia mauaji. Kesi ilisikilizwa Guildhall tarehe 10 Julai 1762 mbele ya jaji Lord Mansfield. Daktari na mwuza dawa walieleza habari ya ndui. Raia walioapishwa kuamua walitumia kama dakika 15, wakawaona wote kuwa na hatia.

Moore na mfanyabiashara huyo walikubali kumlipa Kent pauni 588, wakaonywa na kuachiliwa. Parsons alihukumiwa kifungo cha miaka 2 na kusimamishwa mara tatu katika mkatale hadharani. Mkewe mwaka 1. Mary Frazer miezi 6 ya kazi ngumu. Wenye fedha walinunua uhuru wao, na wasiokuwa nazo wakalipa kwa miili yao. Mkatale wakati ule ulikuwa adhabu ya kutisha, kwa kuwa umati ulizoea kumtupia mfungwa mawe na uchafu. Kwa Parsons haikuwa hivyo. Watu hawakumtupia kitu, walimchangia fedha.

Waandishi wengi wameuchukua mchango huo kuwa dalili ya ujinga wa watu wa chini waliokataa kuamini mahakama. Yawezekana kuuelewa vingine. Wakazi wa vichochoro vile walimjua karani maskini na walimjua mkopeshaji. Walikuwa wameona maskini wangapi wakipelekwa jela kwa deni. Mzimu ulikuwa mwongo, lakini manung'uniko yaliyoubeba hayakuwa ya uongo, na ripoti ya Johnson, pamoja na uaminifu wake wote, haikuyagusa. Kumkanusha mzimu ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kueleza kwa nini watu wengi namna ile walikuwa tayari kumsikiliza.

Kutoka Clerkenwell hadi Unguja

Zaidi ya karne moja baadaye Conan Doyle alimpa Sherlock Holmes jukumu la kumchunguza mbwa wa kutisha aliyedhaniwa kuwa wa kishetani, katika riwaya ya The Hound of the Baskervilles iliyotoka kwa mfululizo mwaka 1901 na 1902. Holmes alimpata mbwa wa kweli na mwenye mbwa. Lakini Doyle mwenyewe baadaye alikuwa mtetezi mkubwa wa mawasiliano na wafu, na mwaka 1920 alizitangaza kuwa za kweli picha za viumbe wenye mabawa zilizopigwa na wasichana wawili wa Cottingley. Mwaka 1983, wakiwa wazee, waliungama kwamba viumbe hao walikuwa michoro ya karatasi iliyokatwa na kushikizwa kwa pini, ingawa mmoja wao aliendelea kuitetea picha ya tano. Tofauti ya Johnson na Doyle haikuwa katika imani wala katika elimu. Wote wawili walitamani ishara kutoka ng'ambo ya kaburi. Mmoja alikwenda penye jeneza akangoja. Mwingine alizipokea picha kwa kuwa alizihitaji.

Bwana Msa amezirithi mbinu za Holmes, lakini mazingira yake yanamkaribisha zaidi kwa Johnson. Mzimu wa Watu wa Kale na Kisima cha Giningi, kilichotoka mwaka 1968, ni majina yanayochukua hofu ambazo wasomaji wanazijua kwao. Mtunzi aliwaandikia watu ambao kwao mzimu na Giningi, makao ya wachawi katika masimulizi ya Unguja, si mapambo ya hadithi. Mpelelezi katika jamii kama hiyo hawezi kuanza kwa kicheko. Hana budi kuanza kwa kusikiliza, kisha ampe kila mtu nafasi ya kuona kwa macho yake kwamba mkono uliotenda ni wa mwanadamu.

Hitimisho

Kisa cha Cock Lane kinatufundisha kupambanua mambo matatu yanayochanganywa mara nyingi: kukana, kupima na kutisha. Kukana hakuhitaji mtu atoke nyumbani kwake. Kutisha hupata jibu lolote linalotakiwa. Kupima pekee ndiko kunakomlinda asiye na hatia, kwa kuwa kunaukubali uwezekano wa kushindwa.

Tofauti hiyo haijawa ya kale. Nchini Kenya sheria ya uchawi iliwekwa na serikali ya kikoloni mwaka 1925, lakini sheria haikuondoa hofu. Katika eneo la Kilifi wazee wengi wameuawa katika miaka ya karibuni kwa kushukiwa kuwa wachawi, na mara nyingi nyuma ya tuhuma kulikuwa na ugomvi wa ardhi na urithi, kama vile nyuma ya mapigo ya Cock Lane kulivyokuwa na deni na wasia. Kent alikuwa na Meya aliyekataa kumkamata kabla ya uchunguzi, daktari aliyetoa ushahidi, na watu kadhaa waliokubali kupoteza usingizi wao. Mzee wa kijijini anayetajwa usiku na vijana wenye mapanga hana hata mmoja wa hao. Anachohitaji kwa jirani zake si kwamba wawe wameacha kuamini. Ni kwamba kabla ya mkono kuinuliwa, awepo mtu wa kuuliza: nani anadai, anadai nini, na atakubali jaribio gani?